Mgonjwa wa Saa Kumi

Mwanangu wa kwanza ni balozi. Nikiwaambia wenzangu hivyo kwenye foleni ya zahanati, hakosekani wa kuuliza, "Balozi wa sabuni au wa simu?" maana siku hizi kila anayebandikwa picha ukutani ni balozi. Wangu mimi ni wa serikali. Gari lake lina bendera ndogo mbele, na bendera ile haikunjuliwi mpaka yeye mwenyewe awe amekaa kiti cha nyuma. Dereva akienda peke yake kununua mkate, inavishwa kifuko cha ngozi, inanyamaza.

Kazi yenyewe sikuijua kwa miaka ishirini na sita. Nilijua alianza wizarani akifungua bahasha na kuzigonga mhuri wa tarehe. Nilijua wakampeleka nchi ya baridi ambako alilala na koti, halafu nchi ya joto, halafu nyingine, na kila nilipozoea kutamka jina la mji wake aliniambia amehamishwa. Baba yake alipofariki alikuwa amekaa nyuma ya waziri kwenye mkutano wa siku kumi, akiandika kila neno linalosemwa. Alifika siku ya nne baada ya mazishi, akakaa kaburini na viatu vyake vya ofisini. Nilimkasirikia, sitaficha. Nikajiambia, mtoto huyu kazi yake ni kutabasamu na kula vya watu, na kwa hiyo amekosa kumzika baba.

Siku moja nilimtolea uvivu. "Wewe serikali imekuajiri ucheke na watu."

Akavunjika mbavu. "Mama, umeisema vizuri kuliko mkuu wangu wa kazi."

Basi mwaka ule alikuwa balozi nchi jirani, ng'ambo tu ya mpaka, watu tunaoelewana nao lugha, akanichukua nikakae naye miezi mitatu. Nyumba ya balozi ni kubwa, ila sehemu ya kuishi ni ndogo. Kuna sebule ya wageni yenye viti ambavyo mwenye nyumba mwenyewe hakai, na meza ya watu ishirini na wanne. Mwanangu na mimi tulikula jikoni, kwenye meza ya kukatia mboga. Ndipo nikaanza kuona.

Niliona akikaa saa nzima na vikadi vya majina, akivipanga mezani na kuvipangua, kwa sababu balozi aliyewasilisha hati zake za utambulisho tarehe tatu hawezi kukaa chini ya yule wa tarehe tano. Niliona akijifunza majina ya wajukuu wa watu. Niliona barua. Hizo barua ndizo zilinichekesha zaidi. Mimi niliishia darasa la nne, nasoma kwa kidole, lakini nasoma. Kila barua ya ubalozi kwenda wizara ya wenyeji ilianza, "Ubalozi unawasilisha salamu zake za heshima kwa Wizara ya Mambo ya Nje, na una heshima ya kueleza kwamba..." Na kila moja ilimalizia, "Ubalozi unachukua fursa hii kuihakikishia tena Wizara heshima yake ya juu kabisa." Hata barua ya kuomba bomba la maji litengenezwe.

"Kwa nini msiseme tu bomba linavuja?" nilimwuliza yule kijana anayeziandika. Cheo chake ni Katibu wa Kwanza, ila pale ofisini walimwita Kamusi, kwa kuwa hakuna neno lililompiga chenga.

"Bibi, hata mimi najiuliza," akasema. "Nusu ya karatasi ni salamu."

Tukacheka wote wawili.

Jumatatu moja dereva wa lori kutoka kwetu alifika kituo cha mpakani. Alikuwa na mzigo wa mbolea. Akirudi kinyumenyume apishe lori jingine, tela likagonga mlingoti wa wenyeji. Mlingoti ukakatika, bendera yao ikaanguka kwenye tope, mbele ya abiria wa mabasi mawili. Wapo waliocheka. Dereva akakamatwa papo hapo kwa kosa la kulidharau taifa.

Mtu yule alikuwa na kisukari, cha sindano kila siku. Dawa yake ilikuwa ndani ya lori, na lori limefungiwa. Jumanne wenyeji walimruhusu mtu mmoja wa ubalozi kumwona, akampelekea dawa ya kufika Ijumaa. Mkewe alipiga simu ubalozini, mwanangu akaipokea mwenyewe. Nilikuwa nimekaa pale. Alisikiliza tu, kwa muda mrefu, kisha akasema, "Nimekusikia, mama watoto. Siwezi kukuahidi siku. Nakuahidi kwamba silali." Na kweli macho yake yalibadilika rangi.

Jumatano Kamusi aliandika barua ya kudai dereva aachiwe. Naye alikuwa amezungumza na yule mke, roho ikamchafuka. Akaandika kwa hasira: dereva ni mgonjwa, kosa ni la bahati mbaya, mwachieni. Mwanzo akafuta zile salamu. Mwisho akafuta ile heshima ya juu kabisa. Mwanangu alikuwa na simu tatu mkononi na mkuu wake wa wizarani kwetu anamfokea kwenye moja, akasoma katikati, akaona ni kweli tupu, akaweka alama yake ya kalamu pembeni. Barua ikaondoka.

Alhamisi ikarudi. Ndani ya bahasha ileile, bila jibu. Tarishi wa wizara aliileta kwa mikono miwili, akasema, "Nimeambiwa niseme kwamba hii haikufika," akageuka akaondoka.

Mimi sikuelewa. Mwanangu alielewa kabla hajaifungua. Niliona anasoma mstari wa kwanza, halafu anaruka mpaka wa mwisho, kisha akakaa kwenye kiti kama mtu aliyekatwa kamba.

"Kamusi," alisema polepole. "Salamu ziko wapi?"

Kijana akainama kuitazama barua.

"Bendera yao imeanguka topeni," mwanangu akasema. "Siku mbili baadaye tunawaandikia bila hata hodi. Wamesoma nini hapa? Wamesoma kwamba dereva alitumwa."

Mchana taarifa ikaja kwa simu: wizara haitampokea balozi wala mtu wake yeyote mpaka nchi yetu iombe radhi rasmi kwa bendera. Ziara ya kumwona mfungwa imefutwa. Na kutoka kwetu, mkuu wake akatuma amri: ni marufuku kuomba radhi, tutaonekana tumekubali kosa. Basi huku hawafungui mlango bila radhi, na kule hawatoi radhi. Na dawa inaisha Ijumaa.

Kamusi alikuwa analia waziwazi. "Niandike kwamba ni mimi, Balozi. Nifukuzwe mimi."

"Alama ni ya nani pembeni?"

"Yako."

"Basi kosa ni langu, nimeshawaandikia hivyo wizarani kwetu. Futa machozi, nitakuhitaji kesho."

Ijumaa asubuhi alikuja chumbani kwangu nikiwa natafuta kandambili. Akapiga magoti, akanishika mguu.

"Mama, goti linakuuma?"

"Goti linaniuma tangu nilipokubeba wewe."

"Leo linakuuma?"

"Kila siku linauma. Unataka nini?"

"Nataka uwe mgonjwa. Leo saa kumi."

Nilimtazama. Mtoto huyu nilimchapa fimbo kwa kila uongo. "Nidanganye?"

"Hapana, mama. Ukidanganya na mimi nimedanganya, na mtu wa kazi yangu akikamatwa na uongo mmoja, kwisha habari yake. Nataka goti lako la kweli, ulinyooshe pale sebuleni juu ya mto. Mkuu wa Itifaki wa wizara yao hawezi kuja kuniona mimi, amekatazwa. Lakini hajakatazwa kuja kumjulia hali mzazi mgonjwa. Nimempelekea ujumbe kwamba mama yangu ana maumivu na hatutoki leo."

"Na akija niseme nini?"

"Sema ya goti. Akikuuliza jambo, mjibu kama unavyojibu watu. Ila dereva usimtaje kabla yeye hajamgusia. Nakusihi, mama. Ukimtaja, itabidi asimame aondoke."

Alikuja saa kumi kamili. Mzee mwembamba wa suti ya kijivu, viatu vinang'aa ungeweza kujitazamia, begi la ngozi mkononi. Akanyoosha mikono miwili. "Shikamoo, mama."

"Marahaba, baba. Karibu. Samahani sisimami."

"Usithubutu. Goti ni lipi?"

"La kulia. La kushoto linalionea huruma."

Akacheka, nikaona jino la dhahabu. Mwanangu alimpa mkono, akamwuliza habari za nyumbani, akamimina chai, akakaa. Kuanzia hapo, naapa, watu wale wawili hawakusemezana tena. Yule bwana alikaa ananitazama mimi. Mwanangu alikaa ananitazama mimi. Nilihisi nimekuwa redio.

"Mama," akasema Mkuu wa Itifaki, "mimi leo siko kazini. Nimekuja kwako tu."

"Nashukuru, baba."

"Na kwa kuwa nimekuja kwako, naweza kukupigia soga za wizarani. Unajua, juzi Jumatano kwetu hakuna barua iliyopokelewa kutoka hapa. Nimetazama daftari mwenyewe. Hakuna. Nambari yake iko wazi. Ikija barua Jumatatu yenye nambari hiyo, iliyoandikwa kama watu wanavyoandikiana, hiyo ndiyo itakuwa ya kwanza na ya pekee."

Nikamtazama mwanangu. Naye akaniambia mimi, "Mama, barua za Jumatatu huwa zinaandikwa vizuri sana. Watu wamepumzika."

Mzee akakubali kwa kichwa, akanywa chai. Nikaona jambo limekwisha. Barua iliyoandikwa, ikasomwa, ikarudishwa, imefutika duniani kati ya kikombe na kisahani, na hakuna aliyesema samahani.

Lakini bendera bado. Alizungumza hali ya hewa. Akazungumza wajukuu wake, mwanangu akanitajia mimi yule wa mwisho kwa jina, na mzee akalainika kidogo begani. Ndipo akashusha pumzi.

"Mama, siku hizi kuangusha kitu cha mtu na kuondoka imekuwa kawaida. Hata neno la samahani hulisikii."

Sebule ikawa baridi. Nilimwona mwanangu akiweka kijiko chini taratibu. Nikajua hapa ndipo dereva anafia. Ulimi uliniwasha. Nilitaka kumwambia, baba, kuna mtu sindano yake ya mwisho ni ya leo asubuhi, watoto wanne, hiyo bendera si inafuliwa? Nikaung'ata.

Mwanangu akanigeukia, kwa sauti ya mtu anayepitisha muda tu. "Mama, hivi yule jirani aliyeangusha banda lako la kuku na trekta, alisema samahani?"

"Yule?" Nikasahau kabisa nilikuwa wapi. "Yule mwenye kiburi? Thubutu! Alirudi nyuma na trekta lake, ukuta mzima chini, kuku wamekufa wawili. Akatazama, akaliwasha tena, akaenda zake."

"Mkafanyaje?" Mzee akainamisha mwili mbele.

"Marehemu baba yao alitaka aombwe radhi mbele ya watu. Jirani naye akasema hamwombi mtu radhi, banda lilijengwa vibaya. Wiki tatu hatusalimiani. Kuku nikawa nalala nao ndani, harufu utaipenda. Halafu asubuhi moja natoka nje, namkuta na tofali na fundi, anapanga. Hanitazami. Nikaenda kisimani nikawaletea maji ya kukorogea saruji. Nami simtazami."

"Mkasalimiana lini?"

"Kwenye tofali la tano hivi."

"Na hukumwambia aombe msamaha kwanza?"

"Ningemwambia, baba, angechukua tofali zake. Banda lingekuwa wazi mpaka leo, na kuku wote wameliwa na vicheche. Na lile alilojenga yeye lilikuwa zuri kuliko la mwanzo, usiniulize kwa nini. Baba yao alikuwa akikaa pale nje anawaonyesha wageni, kana kwamba alijenga yeye."

Mzee wa itifaki alicheka mpaka akatoa kitambaa. Kisha akageukia dirishani, akatazama nje. Mwanangu hakutikisika. Hata chai hakunywa. Nimeona watu wakisubiri mvua, nimeona watu wakisubiri majibu ya hospitali, sijaona mtu aliyesubiri vile, uso umetulia kama maji ya mtungi na mshipa wa shingo unapiga.

"Mama," akasema mzee hatimaye, "mlingoti wetu wa mpakani ulikuwa wa mti. Kati yako na mimi, mchwa walishaumaliza. Nimepata wazo. Kama jirani mwema, bila kuombwa na mtu, angetaka kutuzawadia wa chuma, na mafundi wa pande mbili wakausimamisha pamoja, na bendera yetu ikapanda tena mbele ya watu wa huyo jirani wakiwa wamesimama wima... sioni waziri wangu atadai kitu gani zaidi."

"Ni wazo zuri sana, baba," nikasema, maana ndivyo nilivyoona.

"Mama," mwanangu akasema, "nchi huwa zinapeana zawadi kila siku. Sijawahi kusikia zawadi ikikatazwa na mtu."

Mzee akasimama, akafunga kifungo cha koti. Akanitakia afya. Akafika mlangoni, na dereva hajatajwa, na zawadi ya chuma itachukua siku. Mwanangu akasimama naye, mikono nyuma, kimya. Sikujua kama ni ujasiri au ni ukatili.

Mzee akageuka. Akanitazama mimi.

"Mama, njia yangu inapita kwenye zahanati ya mahabusu. Kama nyumba hii ina dawa ya mgonjwa yeyote anayehitaji kufikishiwa leo, begi langu lina nafasi."

Mwanangu hakukimbia. Alitembea mpaka kwenye friji ya jikoni, akarudi na kiboksi kilichozungushiwa barafu, jina la dereva limeandikwa juu kwa herufi kubwa. Kilikuwa tayari tangu asubuhi. Mzee akafungua begi, akakilaza juu ya makaratasi yake ya serikali, akafunga.

"Wizara haijui jambo hili," alisema.

"Wala ubalozi," mwanangu akamjibu. Hilo ndilo neno pekee alilomwambia moja kwa moja tangu chai imiminwe.

Gari likatoka getini. Mwanangu akakaa sakafuni pale pale kwenye zulia la wageni, mgongo kwenye kiti changu. Nikamshika kichwa kama nilivyokuwa nikimsuka.

"Ulijua nitasimulia banda," nikamwambia.

"Nilikuwa na miaka tisa, mama. Yale maji ya saruji tulibeba wote."

"Sasa si ungenifundisha mapema, nijipange?"

"Ungefundishwa, ungesema kama mtu aliyefundishwa. Yule mzee ana miaka arobaini kazini. Angenusa."

"Na wazo la mlingoti ni lako."

"Ni lake, mama," akasema haraka, na hakuwa anatania. "Tangu leo mpaka siku ya kufa ni lake. Ukilisimulia hapa mjini kuwa langu, nimeharibu kila kitu."

Jumatatu Kamusi aliandika barua upya. Alinisomea kabla haijaondoka, amesimama wima kama yuko kanisani au msikitini. Ubalozi unawasilisha salamu zake za heshima. Safari hii sikucheka, naye hakucheka. Katika zile salamu nilisikia mtu anavua viatu mlangoni kwa mtu mwenye uchungu. Mlingoti ulisimamishwa Alhamisi. Redio yetu ikasema serikali yetu imetoa zawadi kwa moyo mkunjufu bila kushurutishwa, redio yao ikasema taifa limeheshimiwa, mawaziri wawili wakapeana mikono kwa simu. Jina la mwanangu halikutajwa popote, nami nilikaa sikio kwenye kipaza sauti mpaka habari za michezo.

Ijumaa dereva akaachiwa, akaletwa ubalozini kuchukua karatasi zake. Mtu mnene kiasi, amekonda uso, shati lina tope la mpakani bado. Alikuwa na ghadhabu kwa ajili ya tairi lake lililotobolewa kule yadi lilikofungiwa lori. Alimwuliza mwanangu, akidhani ni karani, "Dada, huyo balozi mwenyewe yuko? Wamekaa huku viyoyozi tu, mtu unaoza ndani siku kumi na moja!"

Kamusi akaruka kutoka kitini. Mwanangu akamzuia kwa jicho.

"Pole sana, kaka," akasema. "Ungependa kumpigia mama watoto kwanza?"

Hasira ikamwisha mtu yule ghafla. Akashika mkonga wa simu ya mezani na hakuweza kubonyeza nambari, vidole vinapishana. Mwanangu akambonyezea, bila kuitafuta kwenye karatasi yoyote. Ilipoita akatoka, akatutoa na sisi, akauvuta mlango taratibu mpaka ukabana.

Tukasikia sauti ya mwanaume mle ndani ikivunjika.

Kulikuwa na watu wa viza kwenye korido, na mhasibu anakuja na mafaili, na tarishi anataka sahihi. Balozi wa nchi yetu akasimama mbele ya ule mlango, mgongo umegusa ubao, mkono kwenye kitasa. Kila aliyekaribia, mwanangu alimwonyesha kidole mdomoni. Alisimama hivyo dakika ishirini na zaidi, kama askari wa zamu, mpaka yule mtu alipomaliza kulia na mkewe.

Mimi nilikuwa nimekaa kwenye benchi la wageni, karibu na mama mmoja aliyekuja kwa mambo ya pasipoti. Akaninong'oneza, "Yule pale mlangoni ni nani?"

Nikamwambia ni mtu wa ofisini.